Bibi, Farasi wa Quakers Hill

Mwezi uliopita mzee mmoja wa Kizungu alileta trela la farasi dukani kwangu, tairi la nyuma limepasuka. Duka lenyewe ni la matairi, liko Doonside, magharibi mwa Sydney, na nikisema langu ni langu kweli. Nilianza na jeki moja na spana za kuazima, leo nina maduka matatu na vijana kumi na mmoja wanaoniita bosi. Shule niliiacha nikiwa na miaka kumi na tano na sijapata kuilalamikia. Mzee yule akafungua mlango wa trela ili farasi apate hewa, na harufu ikatoka: molasi, mafuta ya ngozi, nyasi kavu, mkojo wa farasi. Nilikuwa nimeinama na spana mkononi. Sikufungua hata nati moja. Nilirudi moja kwa moja kwenye umri wa miaka tisa.

Nyinyi mliokulia huku wakati wetu mnakumbuka Quakers Hill ilivyokuwa. Pale zilipo nyumba za vigae palikuwa na nyasi, senyenge na mazizi. Zizi moja lilikuwa la Mzungu tuliyemwita Mzee Len, na baba yangu ndiye aliyekuwa mtu wake wa mkono. Baba alizaliwa Tanga. Babu alikuwa na punda wa kubeba chokaa, kwa hiyo baba alijua wanyama kabla hajajua kusoma. Aliingia Sydney akiwa baharia, akabaki, akamwita mama, nikazaliwa mimi. Alivyoipata kazi alikuwa akisimulia kila Idi: alipita nje ya senyenge siku farasi mmoja amekataa kuingia kati ya miti ya kigari cha mbio, wanaume watatu wanamvuta, yeye akaomba ruhusa, akamshika sikio, akamsemesha Kiswahili, farasi akaingia. Mzee Len akamwambia aje kesho. Jina la Salimu lilimshinda, akamwita Sam.

Mama hakuipenda kazi ile. Kwake farasi na kamari vilikuwa kitu kimoja, na watu wa kwetu, wachache tuliokuwapo, walikuwa wakinong'ona kwamba pesa ya Salimu inanuka. Basi mama akamtaka baba ale yamini kwenye msahafu, pale sebuleni, mimi nimekaa kwenye zulia natazama, kwamba senti ya kamari haitaingia nyumba ile. Baba akala. Mama akamwambia, kwa sauti ya chini kabisa, "Siku nikijua umeweka dau, mimi na mwanangu tunarudi Tanga." Kisha akahakikisha kwa njia yake: kila Jumamosi akanituma niende na baba zizini. Baba alidhani napenda farasi. Jioni mama alinikalisha kwenye karai, akanisugua shingo, akaniuliza leo umeona nini. Mimi nilikuwa jicho la mama, na siwafichi, kazi ile niliifanya vizuri. Hata leo mfanyakazi akinidanganya najua kabla hajamaliza sentensi. Nilisomea kwenye karai.

Na mambo ya kutilia shaka yalikuwa mengi. Kwanza, zilikuwa mbio za farasi wasioruhusiwa kukimbia. Nilimwuliza baba mbona wamefungwa mikanda miguuni kama wafungwa. Akanieleza kuwa hawa mwendo wao ni telki, mwendo wa haraka ambao hata punda wa babu waliujua, na wanavuta kigari cha magurudumu mawili, mtu amekaa nyuma miguu mbele. Wengine huinua mguu wa mbele wa kulia na wa nyuma wa kushoto kwa pamoja. Wengi wa huku huinua miguu ya upande mmoja, kulia kulia, kushoto kushoto, na mikanda inawasaidia wasipoteze mwendo. Farasi akishikwa na hamu akaanza kukimbia kweli kweli, dereva lazima amrudishe, wenzake wakimpita. Nikajiambia, mashindano ambayo ukikimbia unashindwa, hapo pana ujanja.

Pili, baba alikuwa na saa ya kubonyeza, ndogo, ya fedha, na kila farasi alipozunguka uwanja wa mazoezi baba aliibonyeza, akaitazama, akaandika kwenye kidaftari kwa herufi za Kiarabu. Kiswahili chake chote aliandika hivyo. Pale zizini hakuna aliyeweza kuzisoma, hata Mzee Len. Tatu, walikuwako wanaume wa senyengeni, wenye kofia na sigara, waliokuja kumwuliza Sam kitu kwa kunong'ona. Baba alitabasamu, akatazama juu, akasema maneno mawili matatu, nao wakaondoka wakitikisa vichwa. Miaka mingi baadaye ndipo nikajua alikuwa akiwaambia Mungu ndiye ajuaye. Wakati ule niliona midomo tu.

Kwenye treni baba alinifundisha nasaba. Tulipanda Doonside, tukabadili Blacktown, tukashuka Quakers Hill, na njia nzima alinisomesha, kwanza ya kwetu, fulani bin fulani bin fulani mpaka mtu aliyetoka Pangani, kisha ya farasi. Alisema sisi tunahesabu baba, lakini mtu wa farasi anayejua kazi yake anauliza mama. Dume anaweza kuwa na watoto mia, jike ana mmoja kwa mwaka, akijaliwa. Akanieleza kwamba zamani huko Marekani farasi hawa walikuwa wa kupeleka watu sokoni na kanisani, watu wakaanza kushindana njiani, mpaka wakatunga kitabu: farasi aliyemaliza maili moja ndani ya muda uliowekwa aliandikwa, aliyechelewa hata kidogo hakuandikwa. Na karibu wote hawa, alisema, ukiwarudisha nyuma wanafika kwa dume mmoja.

Nikamwambia haiwezekani farasi wote wakawa na babu mmoja.

"Kwani wewe na Mzee Len babu yenu nani?" akaniuliza. Nikafikiri kituo kizima. Nikasema Adamu. Akacheka mpaka mama mmoja wa Kizungu akatugeukia.

Katika zizi lile palikuwa na jike mmoja mzee, rangi ya kahawa, mgongo umebonyea. Jina lake la kitabuni lilikuwa refu na la fahari. Baba alimwita Bibi. Mama yake, na mama wa mama yake, na wa nyuma yake, wote walikuwa na mbio, na baba alikuwa akiwataja kama watu aliowahi kula nao. Lakini Bibi hakushika mimba kwa miaka mitatu, na Mzee Len hakuwa mtu wa kulisha kisichozaa. Lori la wauza nyama lilikuwa linakuja.

Ilikuwa asubuhi ya baridi, nyasi nyeupe kwa umande ulioganda. Baba na Mzee Len walikuwa wamesimama kwenye beseni la maji, mimi kando nimeficha mikono makwapani. Baba alikuwa akiomba. Alisema atamtunza Bibi kwa saa zake mwenyewe na chakula atanunua yeye. Mzee Len akamtazama Bibi, akatema mate, akasema kwa Kiingereza chake cha puani: haya, Sam, mchukue wewe. Nitampa dume langu mara moja. Akishika, mtoto ni wako. Asiposhika, hasara yako, na lori litakuja.

Wakapeana mikono. Baba akanigeukia, na uso wake sijapata kuusahau, akaniuliza, "Umesikia?"

Nikasema nimesikia.

Nataka mnielewe hapo. Jumapili nilikuwa nasoma chuo cha Kurani, kwenye gereji ya mwalimu mmoja wa Kimombasa aliyekuwa akitufundisha alifu na tabia njema. Wiki chache nyuma alikuwa ametufundisha kamari. Alituambia tusidhani kamari ni karata peke yake. Mkisikia watu wawili wanasema ikiwa hivi chako, ikiwa vile hasara yako, alisema, na wakapeana mikono, hiyo ndiyo yenyewe, ondokeni. Mimi nilikuwa nimesikia kwa masikio yangu. Ikiwa chako, ikiwa hasara yako. Mikono niliiona. Na baba akaniuliza kama nimesikia, kama mtu anayemfunga mwenzake kwenye siri. 

Jioni kwenye karai mama akauliza umeona nini. Nikasema farasi. Akasema farasi tu? Nikasema tu. Ndiyo mara ya kwanza nilimdanganya mama, na maji ya karai naona bado yana povu lile. Nilikuwa nimeipima: nikisema, tunarudi Tanga, mahali nilipopajua kwa picha mbili, na baba anabaki peke yake Doonside. 

Bibi akashika mimba. Farasi hubeba miezi kumi na moja, na miezi yote ile nilitazama kamari ya baba inakua tumboni mwa mnyama. Baba alichemsha mbegu za kitani mpaka zikawa uji mzito, akatia molasi, akamlisha Bibi kwa mkono. Alimsugua miguu, alimfunika blanketi lake mwenyewe, lile la kitandani, mama akalitafuta wiki nzima. Alikuwa akimsemesha kwa Kiswahili, Bibi kula, Bibi pole, Bibi geuka. Na mimi, Mungu anisamehe, kila niliposujudu niliomba mtoto yule afe. Nilitaka baba ashindwe mara moja, aone ubaya wake, aache. Kumbe mtoto wa mtu anaweza kuwa na roho ngumu namna ile kwa ajili ya mapenzi.

Mtoto hakufa. Alizaliwa jike, mweusi, miguu mirefu kama vijiti vya mwavuli, na ndani ya wiki mbili kila aliyemwona alisimama. Hata kwa kucheza tu nyuma ya mama yake alikwenda telki safi, hakuna aliyemfundisha. Baba alipita akiwa na uso wa bwana harusi. Akamwambia mama kwamba amepewa farasi kwa kazi yake, mtoto wa Bibi, akiuzwa vizuri watalipa kiasi cha kwanza cha nyumba na kutoka kwenye ile ya kupanga yenye kuta za mbao nyembamba. Mama akamkazia macho. Kisha akasema Jumamosi atakuja kumwona.

Alikuja na buibui lake na kikapu cha kaimati, mara yake ya kwanza na ya mwisho. Tulikuta gari jipya limesimama uani na mnunuzi ameegemea senyenge, na Mzee Len anamsifia mtoto wa Bibi, mama yake huyu, mama wa mama yake yule, ile ile nasaba ya baba, neno kwa neno. Baba akangoja amalize, akamwambia kwa adabu kwamba mtoto ni wake, kama walivyopatana.

Mzee Len akasema, "Kupatana lini, Sam? Nilisema nitakufikiria."

Sijui hata leo kama alikuwa amesahau au alikuwa mwizi. Mimi husema mwizi. Baba aliamini alikuwa amesahau, ndiyo maana hakupandisha sauti. Alisema tu kwamba walipeana mikono kwenye beseni na shahidi alikuwapo. Kwao Tanga ndivyo ilivyokuwa, mali inatoka mkono kwenda mkono, anasimama mtu anasikia, basi, imekwisha. Kwa ajili hiyo aliniuliza siku ile. Alinifanya shahidi nikiwa na miaka tisa, akaniheshimu hivyo, nami sikujua.

"Mwanangu alikuwapo," akasema. Akanigeukia. "Waambie Mzee Len alisema nini."

Wote wakanitazama. Mnunuzi, Mzee Len na kofia yake, baba. Nyuma ya baba alikuwa mama, kikapu mkononi, na kwa mama Kiingereza kidogo alichokijua kilitosha kabisa kuelewa ikiwa na chako na hasara. Niliona msahafu wa sebuleni. Niliona masanduku mawili na ndege. Nikajiambia, hapa unamwokoa baba yako.

Nikasema, "Sikusikia kitu."

Mzee Len akainua mabega. Mnunuzi akatazama viatu vyake.  Baba alinitazama, kisha akaenda bandani, akatoka na koti lake na ile saa. Saa ilikuwa ya zizi, akaiweka juu ya nguzo ya senyenge. Akampitishia Bibi mkono shingoni. Tukaondoka watatu kwa miguu mpaka stesheni, na kaimati ndani ya kikapu hazikuguswa.

Blacktown, tukingoja treni ya Doonside, baba alichuchumaa mbele yangu pale kwenye jukwaa, watu wanapita na mizigo yao. Hakuwa na hasira. Aliniuliza kama siku ile nilisikia au sikusikia.

Nikalia. Nikasema nilisikia yote, lakini ilikuwa kamari, mwalimu alisema ikiwa chako ikiwa hasara yako, na mama alisema tutarudi Tanga, na mimi sikutaka turudi bila yeye. Nilisema vibaya, maneno yamepandana, lakini nilisema.

Mama akakaa kwenye benchi.

"Ile haikuwa kamari, mwanangu," baba akasema. "Ule ulikuwa ujira. Nilifanya kazi, na ujira wangu ulikuwa tumboni." Akanifuta kamasi kwa mkono wa koti. "Kumbe ulikuwa unanisitiri."

Mama akamwambia arudi, treni ya kurudi ilikuwa upande wa pili, arudi sasa hivi nami niseme ukweli mbele ya yule mnunuzi kabla hajalipa. Baba akasimama, akatazama reli.

"Nirudi nikawaambie watu mwanangu ni mwongo?" akasema. "Farasi nitapata mwingine."

Hakupata. Alikwenda kufanya kazi kwenye kiwanda cha kuku na kwa miaka ishirini alinuka kuku. Mama hakunisugua tena shingo akiniuliza nimeona nini, na ile ahadi ya Tanga hakuitaja tena. Mtoto wa Bibi alishinda, tena sana. Siku moja tukiwa bado kwenye nyumba ya kupanga alitokea kwenye televisheni, mweusi anang'aa, anakwenda telki chini ya taa. Baba alikuwa anakula. Akaacha kijiko, akamtazama mpaka mwisho, akataja mama yake, na mama wa mama yake, polepole, kisha akaendelea kula.

Mimi nilitoka pale na somo langu. Maisha yangu yote ni karatasi. Mtu hachukui tairi kwangu bila sahihi, awe shemeji yangu, awe mchungaji, awe imamu. Kijana wangu wa kwanza kazini aliniambia, bosi, wewe ukipewa salamu unaomba risiti. Alikuwa anatania, nami nikacheka, lakini ni kweli, na kweli hiyo imenijengea maduka matatu na ekari tano kule nje nilikoweka mbuzi wa Idi. Baba aliziona ekari zile kabla hajafariki. Alizunguka senyenge yote kwa miguu, akashika nyasi, akasema panafaa farasi. Mimi nikajifanya nimesikia simu inaita.

Basi huyo mzee wa trela. Nilipopata nguvu ya kufunga tairi nilimchungulia mnyama ndani. Jike, mzee, mgongo umebonyea, shingoni alama nyeupe wanayochapwa farasi wa mbio hizi kwa chuma cha baridi. Nikauliza mama yake nani. Mzee hakujua. Alisema alimpata bure, sasa yeye mwenyewe anahamia kwa binti yake na hana pa kumweka, anampeleka mahali ambapo hakutaka kupataja. Kisha akatazama picha ya mbuzi wangu niliyoitundika ukutani, akasema, kama una nyasi mchukue wewe. Labda ana mimba, labda hana, alikuwa malisho moja na dume. Akiwa nayo, na mtoto ni wako.

Akanyoosha mkono.

Nilimtilia shaka, bila shaka. Nilimfungua farasi mdomo nikatazama meno, niliinua kwato zote nne, nilizunguka trela nikatafuta kasoro. Sikuona ila uzee. Binti yangu alikuwa pale ofisini, ana miaka kumi, anakuja Jumamosi akitoka chuo kule Blacktown, kitabu chake cha Kiarabu bado kwapani. Alikuwa amesimama mlangoni kitambo na amesikia yote. Nikaupokea mkono wa mzee. Halafu nikageuka, bila kupanga, nikamwuliza binti yangu, "Umesikia?"

Akanijibu kwa Kiingereza, kama watoto wetu wote, na wala hakushusha sauti.

"Ndiyo. Lakini baba, hiyo si kamari?"

Mzee hakuelewa kwa nini mwenye duka ameegemea rundo la matairi na kufunika macho. Nilipoweza, nilichuchumaa mbele ya mtoto. Nikamwambia, hapana, mama, hakuna aliyeweka kitu ili amshinde mwenzake. Huyu anatoa, mimi napokea. Na ulivyouliza umefanya vizuri. Akafikiri, akasema sawa, akaenda kumtazama farasi.

Karatasi niliandika, mimi si mtu wa kuacha. Nikatia sahihi, mzee akatia sahihi, na kwenye mstari wa tatu, wa shahidi, binti yangu akaandika jina lake, la baba yake, na la babu yake Salimu, herufi kubwa kubwa, ulimi umetoka nje kwa juhudi. Nikamwambia siku mtu yeyote akimwuliza, aseme alichosikia, hata mimi nikiwa nimesimama hapo.